Mkubwa wa Kushindwa

Najua kwamba kumbukumbu za maisha huandikwa na watu wenye mvi, wenye magoti yanayouma na wajukuu wanaojifanya kusikiliza. Mimi nina miaka kumi na saba, magoti yangu ni mazima, na kesho nina mtihani wa Kifaransa ambao nilipaswa kuwa nausomea sasa hivi. Lakini mwezi uliopita Maître Kashindi alikufa, na nimegundua kwamba mtu wako akifa unazeeka kidogo, hata kama hukuomba. Kwa hiyo nivumilieni. Nitasimulia mwaka mmoja tu, mwaka wa masomo uliopita, nilipokuwa darasa la tatu la sekondari. Ukoo wangu nitauacha nje, kwa sababu ni wengi na kila mmoja atataka sura yake. Ataingia mama peke yake, maana mama hajawahi kungoja kukaribishwa mahali popote. Mimi naitwa Machozi. Huku kwetu ni jina la kawaida, na darasani limenisaidia sana. Mwalimu mgeni akiita “Machozi!” mimi hujibu “Yamekauka, Mwalimu!” na darasa zima linaanguka kwa kicheko.

Kuna neno moja lazima nilieleze kwanza. Shuleni tunasoma kwa Kifaransa, na ukishindwa somo, kwenye buletini yako, ile karatasi ya matokeo, mbele ya somo hilo, huandikwa kwa wino mwekundu: échec. Sisi tunalitamka esheki. Mtoto mwenye esheki mbili ana kesi nyumbani. Mwenye tatu ana hukumu. Sasa ule mchezo wa wafalme na askari juu ya ubao wa miraba sitini na minne, ambao watu wa pwani huuita sataranji, nao kwa Kifaransa unaitwa échecs. Neno ni lilelile, na mdomoni halina tofauti. Wafaransa walikuwa na maneno ya dunia nzima ya kuchagua, wakachagua hilo. Hapa Uvira wanaojua mchezo huo ni wachache, lakini esheki za buletini tunazo hata za kuwagawia majirani wa Bujumbura.

Mwaka wa nyuma yake nilileta nyumbani esheki tatu: hesabu, kemia na jeografia. Mama hakupiga kelele. Yeye anauza vitenge upande wa pili wa mpaka. Anaondoka kuelekea mpakani Kavimvira mimi nikiwa bado naota, anarudi jioni miguu imevimba, na kelele anaziacha kwa watu wa forodha. Aliiweka buletini mezani kando ya sahani ya bugali, akaila ndagala yake polepole akiiangalia ile karatasi, kama mtu anayekula na mgeni asiyemjua. Kisha akasema, “Machozi, weye iko na esheki tatu.” Nikasema, “Mama, tatu ni namba ya Utatu Mtakatifu.” Hakucheka. “Ukileta tena hata moya, minye sitapiga muntu. Utaenda Lubarika kwa mujomba yako. Utafukuza ndege mu mupunga mpaka ndege wakujue jina.” Hapo nikaacha kucheka hata mimi. Lubarika siyo mahali pabaya, watu wanalima, wanakula, wanazaa. Lakini aliyepelekwa Lubarika katikati ya masomo harudi shuleni. Binamu yangu alikwenda kwa likizo moja, sasa ana mtoto wa pili.

Mwezi wa tisa mama alirudi siku moja uso umechangamka. Kwenye ukuta wa duka moja la mtaa wa Kasenga alikuwa ameona karatasi imebandikwa, imeandikwa kwa mkono, kwa herufi nzuri: masomo ya échecs, yanatolewa na Grand Maître, kila Jumanne na Alhamisi mchana. Kwa mama jambo lilikuwa wazi kama maji ya mtungi. Mtu mkubwa, mwalimu wa walimu, amejitolea kushughulikia esheki za watoto wa mji huu. “Nimepata muntu ya esheki zako,” akaniambia. “Na si mudogo. Iko Grand Maître.”

Mama hakuwa peke yake. Jumanne ya kwanza nilikuta watoto kumi na mmoja mbele ya nyumba ya Maître, kila mmoja na daftari la hesabu kwapani na uso wa mtu aliyetumwa. Sebule ilikuwa ndogo, na ukutani kulikuwa na mstari wa kahawia, urefu wa goti, mahali ziwa lilipofikia lilipopanda. Kulikuwa na meza moja, viti viwili, kitanda pembeni, radio ya betri, na picha ya mama mzee aliyevaa kitambaa cheupe kichwani. Maître mwenyewe alikuwa mrefu, mwembamba, mwenye koti la suti lililozoea baridi ya nchi nyingine. Alituangalia sisi kumi na wawili, na midomo ikawa inamtetemeka. Mimi nilidhani ni hasira. Sasa najua alikuwa anajizuia asilie kwa furaha. Alisimama mbele yetu akashindwa kuanza, basi mimi, kwa kuwa kimya kinanisumbua kama upele, nikamsaidia. “Maître,” nikasema, “wewe ndiye mkubwa wa esheki?” Akasema ndiyo. “Mimi niko na tatu. Wewe uko nazo ngapi?” Wenzangu wakajifunika midomo. Yeye akafikiri kwa makini, kama nimemuuliza jambo la maana. “Kushindwa? Zile ninazokumbuka, zinapita mia mbili,” akajibu. Kisha akafungua sanduku la mbao na kumwaga mezani watu wadogo weusi na weupe.

Kijana mmoja wa nyuma akauliza, “Maître, na hesabu iko wapi?” Maître akamwonyesha ubao. “Iko humu yote.” Yule kijana akainama, akatazama kama mtu anayetafuta sindano, kisha akaniambia sikioni, “Huyu muzee ametuchanganya.” Alhamisi walikuja watano. Jumanne iliyofuata wawili. Maneno yalikuwa yameshafika bombani, nami niliyasikia mwenyewe nikiwa nimekalia bidoni yangu ya maji. “Grand Maître ya nini?” mwanamke mmoja alikuwa anauliza. “Kanisani hakuna grand maître. Grand maître iko mu vile vyama vya siri!” Mwingine akajibu, “Mutoto yangu ameona kwa macho. Iko na batu badogo juu ya meza, beusi na beupe. Anabahamisha, anabahamisha, halafu anaua moya-moya, anabaweka mu sanduku.” “Yooo! Na mufalme je?” “Mufalme ndiye wa mwisho.” Nilitaka kucheka mpaka bidoni ikapinduka. Ila Alhamisi hiyo, nilipogonga mlango wa Maître, nilikuwa peke yangu. Na watoto wa mtaa walikuwa tayari wamemtungia wimbo wa njiani: Kashindi hashindi, Kashindi hashindi.

Kwa nini sikuondoka kama wenzangu? Watu wananiona kama mtu mwenye marafiki mia. Ukweli ni kwamba mtu wa kuchekesha hupendwa mpaka kengele ya mwisho. Kengele ikilia, kila mtu anakwenda na mtu wake, na mchekeshaji anabaki na utani ambao hakuna wa kuupokea. Nyumbani kulikuwa na kufuli, sufuria yenye mabaki ya mboga ya sombe, na masaa matano mpaka mama arudi kutoka mpakani. Kwa Maître kulikuwa na kiti cha pili. Pia, nikimwambia mama kwamba yale masomo si ya buletini, angenitafutia mengine, pengine kwa yule fundi wa hesabu wa Kavimvira anayefundisha kwa fimbo. Basi nikanyamaza kwa mama, na kwa Maître nikanyamaza vilevile. Kila Jumanne na Alhamisi jioni nilimwambia mama kwamba nimetoka kwenye esheki, na wala sikuwa nimesema uongo. Kifaransa ndicho kilichodanganya.

Alinifundisha kwa kuanzia mwisho. Kwa miezi mitatu sikuona ubao uliojaa. Aliweka wafalme wawili na askari mmoja, basi, na miraba mingine yote mitupu. “Wenye haraka wanataka vita,” alisema. “Vita kila mutu anaweza. Uliza watu wa huku. Weye jifunze kwanza kumaliza.” Wafalme hawaruhusiwi kukaribiana, lazima mraba mmoja ubaki kati yao. Wanasimama wakitazamana, na mara nyingi anayelazimika kusogea ndiye anayepoteza. Nilipinga. “Maître, hawa si wafalme, hawa ni wakwe.” Alitafakari hilo pia. Ndivyo alivyokuwa, utani wangu aliupokea kama hoja, akaugeuza, akautafutia jibu, na mimi, ambaye nilikuwa nimezoea kuchekwa, kwa mara ya kwanza nikawa nasikilizwa. Baadaye aliponionyesha yule anayesimama kando ya mfalme, ambaye kwa Kifaransa anaitwa mwenda wazimu, nikasema kila ofisi ya hapa iko naye. “Wawili,” akanisahihisha, uso mkavu. “Sheria inasema wawili.”

Katikati ya somo tulikula. Alikuwa na sufuria moja ya maharage aliyoipika Jumatatu na kuipasha mpaka Jumamosi, na bugali ya jana aliyoikata kwa kisu kama sabuni. Alikula haraka, akiangalia pembeni, nami nikamuuliza kama kuna anayemnyang’anya. Akasema ni mazoea ya mashindano. Alikwenda Ulaya kusoma akiwa kijana, akabaki huko akicheza, mji kwa mji, hoteli kwa hoteli. “Miaka ishirini nimekaa uso kwa uso na watu. Masaa matano, masaa sita. Najua mutu fulani akiogopa anagusa sikio. Lakini mutoto yake anaitwa nani, sijui. Hatukuongea. Inakatazwa kuongea.” Nikamuuliza kama ndiyo sababu aliacha. Akafuta midomo. “Nilibandika karatasi moja tu pale dukani. Nikasema, akikuja mutu moya kwa kupenda, moya tu, itatosha.” Akanisogezea bakuli la pilipili. “Na ulikuja.” Hiyo pilipili sikuihitaji, macho yalikuwa yameshaanza yenyewe. Nilichukua nyingi ili nipate kisingizio.

Kuanzia siku hiyo nilikuwa na shida mbili, na moja iliila nyingine. Nilikuwa natumia siku mbili za wiki kwenye ubao huku kemia yangu ikioza, na Lubarika ikisogea. Nikiacha, Maître anabaki na kiti kitupu. Nikisema ukweli, kwamba nilitumwa, kwamba nilikuwa mmoja wa wale kumi na wawili waliopotea njia, tofauti ni kwamba mimi nilichelewa kuondoka, ingekuwa ni kumtoa mtu wake mmoja kwenye hesabu. Nikafanya ninachofanya siku zote. Nikaongeza utani.

Mama ndiye aliyetufumania, na kwa mikono iliyojaa. Ilikuwa mwezi wa nne, wiki ya Pasaka, mpaka ulikuwa umefungwa siku hiyo. Nilikuwa nyuma ya pazia naosha vikombe niliposikia sauti yake mlangoni. “Hodi hapa! Maître, minye ni mama Machozi. Nimeleta shukrani.” Nilichungulia. Alikuwa na mukeke watatu wa kukaanga, wamefungwa kwenye jani la mgomba. “Samaki tatu,” mama akasema, “moya kwa kila esheki.” Maître akamkaribisha kiti changu. “Kila esheki?” akauliza. “Eee. Hesabu, kemia, jeografia. Mutoto alikuwa amezama, Maître. Nilisema tu anaenda Lubarika. Halafu nikaona karatasi yako. Nikasema, Mungu iko, ametuma muntu wa kutoa watoto mu esheki.” Kikombe kilinikauka mkononi. Niliona mgongo wa Maître tu. Niliona kola ya lile koti ikipanda kidogo na kushuka. “Kumbe,” akasema taratibu. Halafu, “Mama, amebakiza muda gani mpaka mitihani?” Mama akasema miezi miwili na kidogo. “Inatosha,” Maître akajibu. “Usiwe na wasiwasi. Hizo esheki tutazimaliza.”

Mama alipoondoka nilitoka nikiwa nimejiandaa kwa lolote isipokuwa kilichotokea. Maître alikuwa anacheka. Alicheka bila sauti, mkono kifuani, mpaka akakaa chini. Kisha akaonyesha ile picha ya ukutani. “Siku niliyopewa ile cheo, ya juu kabisa mu muchezo,” akasema, “nilipiga simu hapa. Kwa jirani, maana mama hakuwa na simu. Nikamwambia, Mama, furahi, mimi sasa ni Grand Maître d’échecs. Akalia. Akaniambia, pole mwanangu, usikate tamaa, hata wakubwa wanashindwa, rudi tu nyumbani. Nilieleza. Laini mbaya, sarafu zinaisha. Niliporudi kumzika, watu wa kanisa yake wakaniambia, mama yako alikuwa anakuombea kila Jumatano, miaka na miaka, Mungu akutoe mu kushindwa.” Alikuwa ameacha kucheka, lakini uso haujapata habari. “Mama yako ni wa pili. Lakini yeye ameleta samaki.” Nilifungua mdomo nimwambie kwamba hata kama nilitumwa, kuanzia wiki ya tatu sikuwa nimetumwa tena. Ilikuwa sentensi moja, fupi, haina hata neno gumu. Badala yake nikasema, “Samaki wa jeografia ndiye mkubwa.” Akakusanya wafalme na askari, akawaweka sandukuni, akalisukuma sanduku chini ya kitanda. “Kalete buletini,” akasema.

Miezi miwili hatukugusa ubao. Hesabu alinifundisha kwa upole wa kutisha. Jeografia aliijua kwa miguu, ingawa alikiri kwamba ya kwake yote ilikuwa ya stesheni za treni. Kemia hakuijua kabisa, kwa hiyo tulijifunza pamoja, mzee wa miaka sitini na mbili akikariri majina ya chumvi huku akijipiga paji la uso, nami nikimsahihisha. Alikuwa akifurahi akipata. Sikumwona akifurahi vile hata siku moja akinishinda kwenye ubao, na alinishinda kila siku. Lakini somo likiisha alikuwa anakitazama kile kitanda, kidogo tu, halafu ananifungulia mlango.

Siku ya kutangaza matokeo tulisimama uwanjani kwenye jua, prefe, mkuu wa shule, akisoma majina. Nilipita. Asilimia hamsini na tano, hakuna hata esheki moja. Mama alinimwagia unga kichwani kama tunavyofanya, akacheza mbele ya watu wa forodha waliokuja kwa watoto wao. Jioni, akinipakulia kipande kikubwa, akasema kwa moyo mweupe kabisa, “Sasa umemaliza esheki. Maître naye apumuzike.” Ilikuwa na mantiki. Mtu akipona haendi hospitali. Nikasema, “Ndiyo, Mama.” Mimi, mwenye jibu kwa kila mwalimu wa shule nzima.

Nilikwenda Alhamisi kumpa habari. Alikuwa amesimama mlangoni. “Umepita?” “Nimepita, Maître.” “Bila esheki?” “Bila.” Alipiga makofi mara moja, kofi moja tu, akalishika hewani. “Basi,” akasema, “hauna tena sababu ya kuja.” Hakusema kwa ubaya. Nadhani alikuwa ananiuliza. Mimi nilikuwa nangoja aseme, njoo Jumanne. Yeye, sasa ndiyo naelewa, alikuwa anangoja niseme, nitakuja. Kuku wa jirani alipita kati yetu, na hata huyo sikumtania. “Asante, Maître,” nikasema. “Asante, Machozi,” akasema.

Likizo nzima nilipita njia nyingine. Mwezi wa nane tu nilisahau, nikapita mbele yake akifagia. Aliinua fagio. “Uko muzuri?” “Niko muzuri, Maître.” “Masomo?” “Iko vakansi.” “Ah, ndiyo,” akasema. “Vakansi.” Akaendelea kufagia mahali ambapo alikuwa ameshafagia.

Alikufa kwa ugonjwa mfupi, sukari na homa vilivyokutana. Matangani tulikuwa wachache chini ya turubai la buluu. Mpwa wake, mwanamke aliyetoka mji wa Baraka, aliuliza kama wanafunzi wa mjomba wake wapo waseme neno. Jirani akaninyooshea kidole. “Huyu hapa.” Mpwa akasema, “Na wengine?” “Ni huyu tu.” Watu wote wakageuka. Nilisimama, nikasema kwamba alinifundisha kemia. Nikakaa.

Wakati wa kurudi, mama alinishika mkono, kitu ambacho hafanyi. “Alikuwa mwalimu mukubwa wa esheki,” akasema. Hapo Kasenga, katikati ya barabara, pikipiki zikitupigia honi, nikamwambia yote. Kwamba esheki ni mchezo. Kwamba hakuwahi kufundisha buletini ya mtu mpaka mama mwenyewe alipomletea samaki. Kwamba nilikwenda miezi saba kucheza, na nilipopita mtihani nikaacha, ijapokuwa sikutaka kuacha, naye alibaki pale akifagia. Nilingoja makofi, au Lubarika. Mama alisimama. Akaangalia viatu vyake vya matanga.

“Na weye ulikuwa unapenda kwenda?”

“Ndiyo, Mama.”

“Sasa,” akauliza, na hakuwa na hasira hata kidogo, alitaka tu kujua, “nani alikukataza?”